Hodi Kwenye Mlango wa Mbele

Wenzangu wa chai ya Alhamisi, mmenipigia simu mara nyingi na kila mara nimewajibu kwa mkato: tuko salama, nitawaeleza. Juzi Bi Zuhura aliniandikia kwamba chumba alichonisaidia kukipaka rangi ya njano bado kinanuka rangi, na hakuna mtoto aliyelala humo. Ni haki yenu kujua kilichotokea. Leo mvua imekatika, nimekaa kwenye kibaraza cha mama mkwe wangu huku Meru, na nawaandikia yote tangu siku mliponisindikiza.

Habari ya Ndeshi mnaijua juu juu. Tulipopangiwa kituo ubalozini alikuwa na miaka mitatu na kifua chake kilikuwa kinasumbua. Tulikuwa tunahamia kwenye baridi, nyumba hatujaiona, daktari hatumjui. Mama mkwe akasema mwacheni hapa miezi sita, mkajipange. Hakuna aliyeona ajabu, maana mtoto amebeba jina lake, na mume wangu mwenyewe humwita mwanawe "mama". Miezi sita ikawa mwaka. Likizo ya kwanza ikafutwa kwa sababu ya ugeni wa kitaifa, nanyi mnakumbuka tulivyosimama mlangoni kupokea watu hadi miguu ikavimba. Likizo ya pili nikalazwa hospitali. Sasa ana miaka saba.

Nilikwenda kumchukua. Na tangu nilipofunga sanduku niliogopa jambo moja tu, kwamba hatanijua, na hata akinijua hatakubali kuja nami.

Angani, na kusubiri

Ndege ya kwanza ilichelewa na ya pili ikatuacha. Nilikaa saa tisa kwenye kiti cha chuma, mkobani nina pasi mbili, yangu na ya Ndeshi. Ya kwake nilikuwa naifungua kila mara kutazama picha. Mtoto wa kwenye picha alikuwa amekaza macho. Nilitafuta humo uso niliouacha, sikuupata, nikawa naifunga pasi na kujiambia nisiifungue tena.

Jirani yangu wa kusubiri alikuwa mama wa Kichaga, mtu mzima, anarudi kutoka kumtazama mwanawe aliyeko ng'ambo. Nilimwamkia shikamoo, akaitikia na kunipa yai la kuchemsha kutoka kwenye mfuko wake, na chumvi iliyofungwa kwenye karatasi. Nikamwambia mwanangu anapenda sana mayai, ndiye ninayemfuata. Akauliza mara ya mwisho nimemwona lini. Nikamwambia.

Akalichovya yai lake kwenye chumvi, akala, ndipo akaniuliza: "Na bado anayapenda?"

Yule mama hakuwa na nia mbaya, alikuwa anazungumza tu. Lakini tulipotikiswa angani usiku ule wenzangu walikuwa wanaomba Mungu watue salama, mimi nilikuwa naomba tuchelewe kidogo.

Kikatiti, bila kushuka

Mume wangu alikuwa amepanga nipokewe na Elia, jirani yao wa kijijini mwenye gari la kukodisha. Ni mwanamume wa makamo, ana kofia ya sufu, hasemi mengi. Alinipa pole ya safari, akapakia sanduku, tukatoka uwanjani kuelekea barabara ya Arusha. Mlima ulikuwa umejifunika mawingu. Nikashukuru, kana kwamba mlima nao ungeniuliza nilikuwa wapi.

Kwa wasiopajua, Kikatiti iko njiani kabla hujafika mjini. Ukifika pale unapinda kulia, unapanda, na nusu saa baadaye uko kwa mama mkwe wangu. Elia akapunguza mwendo, akawasha taa ya kupinda.

"Twende mjini kwanza, shemeji," nikamwambia.

Akaniangalia kwenye kioo. Akasema Bibi ameinjika ndizi tangu asubuhi. Nikasema kuna vitu vya mtoto sijavinunua. Ni kweli vilikuwepo, lakini sababu siyo hiyo. Kunguru mwoga hukimbiza ubawa wake, nami ubawa wangu niliukimbiza hadi mjini. Nikamwomba basi amwambie Bibi kwamba gari lilikuwa na hitilafu.

Elia akazima ile taa. "Bibi Ndeshi simdanganyi," akasema. "Nitamwambia umepitiliza."

Nilikuwa nimeuogopa uso wa mtoto, na sasa nikawa nimejiongezea uso wa mama mkwe.

Ngarenaro

Mimi ni mzaliwa wa Ngarenaro, hapo Arusha mjini, baba yangu alikuwa fundi magari pale hadi alipofariki. Nyumba tuliyopanga ilishavunjwa, sasa ni karakana ya kuchomelea vyuma. Kwa hiyo katika mtaa niliozaliwa nilichukua chumba kwenye nyumba ya wageni, nikaandika jina langu kwenye daftari la wageni, na yule dada wa mapokezi akaniuliza natokea nchi gani.

Nilikuwa nimekuja na magauni matatu ya Ndeshi, yale mliyonisaidia kuchagua. Nilipoyatandika kitandani nikaona ni madogo, au ni makubwa, sikuweza kujua. Nikayabeba hadi kwa Mama Jyoti, mwenye duka la vitambaa. Familia yao ni ya Kihindu, iko pale tangu kwa babu zao, na kitambaa cha sare za harusi yangu kilitoka kwenye kaunta ile ile. Nikamwamkia, akanitambua hapo hapo, akanitilia chai ya tangawizi na kashata, akaniuliza habari za ng'ambo. Nikamweleza kuhusu magauni, kwamba nataka fundi wake wa barazani ayarekebishe kidogo.

Akauliza mtoto ana kimo gani. Nikanyoosha mkono, nikaushusha, nikaupandisha tena. Mama Jyoti akautazama mkono wangu ukihangaika hewani, na fundi naye akaacha kukanyaga cherehani. Nakuambieni nimesimama mbele ya marais nikajua mikono niiweke wapi, lakini pale dukani sikujua.

Mama Jyoti hakunicheka. Akashusha jora la kitambaa cha bluu chenye maua meupe, akakata, akalikunja lile pande na kunifungia. Akasema nisishone kitu chochote, nipeleke kitambaa kizima, mtoto apimwe akiwa amesimama mbele yangu.

"Wewe kwanza nenda ukamwone," akasema. "Gauni halina haraka."

Kupanda

Kesho yake Elia alinifuata. Mvua ya masika ilikuwa imenyesha mfululizo, na ile barabara ya kupanda kutoka Kikatiti ilikuwa tope jekundu. Upande mmoja ni kingo za mashamba ya kahawa, upande wa pili ni korongo. Gari liliteleza mara ya kwanza nikashika kiti. Liliteleza mara ya pili matairi ya nyuma yakaenda kuchungulia korongoni, nikasikia mawe yakiporomoka chini. Elia akavuta breki ya mkono, akaniambia kwa sauti ya chini nishuke upande wake, taratibu. Nilipita juu ya kiti chake kwa magoti, nimekumbatia mkoba wenye zile pasi.

Wanawake waliokuwa wanashuka na mizigo ya majani ya ng'ombe wakaitua, wakasukuma gari likarudi barabarani. Mmoja akamuuliza Elia kwa Kimeru mimi ni nani. Kimeru changu si kizuri lakini hilo nilielewa. Elia akajibu kwamba ni mke wa fulani. Yule mama akanitazama viatu, akasema kitu, wote wakacheka. Sikuelewa walichocheka, nikacheka nao.

Gari halikuweza kwenda zaidi. Elia akajitwika sanduku, akanionyesha kijia kilichoingia kwenye migomba.

"Pita hapa, shemeji. Unatokea jikoni moja kwa moja."

Kijia kile nakijua. Miaka yote kabla ya kituo nilipita hapo hapo, nikiingia naacha mkoba kwenye kiti cha jikoni na kuuliza nini kimebaki kumenywa. Lakini nilijitazama, nina tope hadi magotini, nywele zimelowa, na nikafikiria kutokea hivyo mbele ya mwanangu. Nikasema hapana, nitazunguka. Nikazunguka ua mzima, nikafika kwenye geti, nikafuta viatu kwa leso, nikanyoosha sketi. Kisha nikasimama mlango wa mbele, nimeshika mkoba kwa mikono miwili kama tulivyofundishwa kusimama, nikapiga hodi.

Hapo ndipo nilipokosea, na sikujua.

Sebuleni

Mlango ulichukua muda kufunguliwa, maana kwa desturi haufunguliwi ila akija mchungaji au ikiwa kuna msiba. Mama mkwe akatokea. Amezeeka kidogo, lakini mgongo wake bado umenyooka. Nikamwamkia, akaitikia marahaba, akanitazama kwa muda, akasogea pembeni.

"Karibu ndani," akasema. "Keti."

Nikaketi. Nilikaa kwenye sofa lenye vitambaa vya kufumwa, magoti pamoja, nikisubiri. Miaka minne kazi yangu imekuwa hiyo. Mke wa ofisa wa ubalozi ni mgeni wa kudumu: anaketi penye kadi ya jina lake, hanyanyui sahani yake, haulizi chakula kiko wapi. Nikamwona mama mkwe anaelekea jikoni, na wala mwili wangu haukunishtua kwamba na mimi niinuke.

Kisha pazia likasogea, akaingia msichana mrefu mwembamba, amebeba sinia lenye chupa ya soda na bilauri iliyofunikwa kitambaa. Alikuwa mrefu kuliko popote mkono wangu ulipofika kule dukani. Akaweka sinia mezani, akapiga goti kidogo.

"Shikamoo."

Nikajibu marahaba. Nikataka kumwambia mimi ni mama yako, nikaogopa atasema anajua. Akafungua soda, akamimina vizuri bila povu kumwagika, akatoka. Hakukimbia wala hakugeuka. Alinihudumia kama alivyofundishwa kuhudumia mgeni, na alifundishwa vizuri.

Chakula cha mchana kilikuja pilau na kuku, kwenye sahani za kabatini, na uma. Nilikula peke yangu, mama mkwe ameketi nami kwa heshima bila kula. Kutoka jikoni nilisikia harufu ya loshoro, zile ndizi zilizopondwa na maziwa ya mtindi, chakula nilichokiota ng'ambo. Hawakuniletea. Nikatoa zawadi, nikazikabidhi kwa mikono miwili. Ndeshi akajaribu gauni moja juu ya nguo zake, likamkwamia mbavuni. Akalivua, akalikunja vizuri, akaambiwa na bibi yake amshukuru mgeni. Akashukuru.

Siku ya pili ikawa hivyo hivyo. Nikiinuka kubeba kikombe, naambiwa aa, keti, umechoka na safari. Majirani wakaja kunisalimia mmoja mmoja, nikawapokea sebuleni kama balozi. Jioni nimesimama kwenye ukumbi nyuma ya pazia, nikasikia sauti ya Ndeshi kutoka jikoni, wala hakuwa ananong'ona.

"Bibi, mgeni anaondoka lini?"

Nikasikia mama mkwe akifunika sufuria. "Mgeni mwenyewe ndiye anajua," akasema.

Nilirudi chumbani nikakaa kitandani. Tiketi zilikuwa za Jumamosi, na hiyo ilikuwa Jumatano. Niliogopa kiasi kwamba nilifikiria kumpigia Elia anifuate kesho yake, niondoke peke yangu, nije niwaambie ninyi kwamba mtoto anaumwa.

Mlango wa jikoni

Mnajua msemo wetu, mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Nilijishikiza hapo. Nikajiambia kesho ni siku ya tatu, kesho mama mkwe atanipa kazi, mambo yatanyooka. Alhamisi ikafika. Nikaoga, nikakaa sebuleni, nikasubiri jembe.

Akaja Ndeshi na sinia la soda.

Pale ndipo hofu yenyewe ilinishika, maana nilielewa kwamba jembe halitaletwa. Sikuigusa ile soda. Nilivua viatu, nikajifunga kanga, nikatoka kwa mlango wa mbele, nikazunguka nyuma ya banda la ng'ombe na kupita kwenye migomba, miguu peku kwenye tope, nikatokea jikoni. Sikupiga hodi. Mama mkwe alikuwa anamenya ndizi, ndoo kati ya miguu. Nikavuta kigoda, nikachukua kisu cha pili, nikaanza kumenya. Vidole vilikuwa vimesahau, utomvu ukaninasa viganja vyote.

Hakunitazama. Alimenya mbili, tatu, ndipo akasema.

"Nilikuwa nimeuacha mlango huu wazi tangu siku ile uliyopitiliza. Nikasikia hodi mbele. Nikajua umekuja kuchukua, hukuja kurudi."

"Nisamehe, mama. Niliogopa."

"Uliniogopa mimi?"

"Nilimwogopa yeye."

Akaiweka chini ndizi yake. Akaniambia kwamba naye ameogopa kwa miaka minne, kila simu ikilia anadhani ni siku yenyewe. Akaniuliza pasi ya mtoto ninayo mkobani. Nikasema ninayo. Akatikisa kichwa, akaokota ndizi, tukaendelea kumenya, machozi yananitoka na mikono imejaa utomvu siwezi kuyafuta. Akanifuta yeye kwa pindo la kanga yake, kwa nguvu, kama anavyofutwa mtoto mwenye makamasi.

Ndeshi alituona kutoka mlangoni, amebeba ile soda haijafunguliwa. Akasimama hapo muda mrefu.

Alasiri nilitumwa majani ya ng'ombe, na yeye akatumwa anionyeshe. Alinifundisha kushika mundu, kukata chini, kufunga mzigo kwa kamba ya mgomba. Nilijikata kidole akacheka, kicheko chake ni cha baba yake. Nikamuuliza kama anapenda mayai. Akasema yanamchefua. Usiku tukala loshoro jikoni, sote watatu, bakuli magotini.

Jumamosi

Mtasema basi mambo yalishanyooka, angekuja. Nami nilidhani hivyo. Ijumaa tulizungumza habari za chumba cha njano na za theluji, akauliza maswali. Mama mkwe akamfungia nguo zake kwenye begi bila kusema neno. Jumamosi asubuhi Elia akapiga honi kule chini, na Ndeshi hakuonekana.

Tulimtafuta chumbani, kwenye kahawa, kwa majirani. Nililifikiria lile korongo. Nilimkuta mwishowe kwenye banda la ng'ombe, amejikunja nyuma ya hori, amevaa viatu vipya na sweta, tayari kabisa kwa safari, na mwili wote unatetemeka. Hakuwa analia. Alikuwa amejitayarisha kutii.

Nikakaa kwenye majani kando yake. Niliijua ile hofu, nilikuwa nayo mimi kutoka ndege ya kwanza hadi mlango wa mbele. Mimi mtu mzima niliweza kumwambia dereva apitilize. Yeye angemwambia nani?

"Hatuendi leo," nikamwambia.

Akafikiri. "Na wewe?"

"Na mimi."

Elia alishuka mlima na gari tupu. Mume wangu nilimpigia mchana. Akaniuliza nani atasimama naye mlangoni siku ya sherehe ya taifa. Nikamwambia asimame mwenyewe, amebakiza mwaka mmoja tu, miguu yake itavumilia. Akauliza mama anasemaje. Nikasema mama amenipa jembe. Akacheka kidogo, kisha akakohoa, nikajua si kikohozi.

Bado naogopa, msidhani vinginevyo. Sijui mwaka mmoja utatosha, wala sijui siku tukiondoka wote mama mkwe atafanyaje. Ndeshi hajaniita mama. Mpaka sasa ananiita "wewe".

Lakini leo asubuhi nilitoa kile kitambaa cha Mama Jyoti, nikamsimamisha uani, nikawa nampima kwa kamba: mabega, kiuno, urefu hadi chini ya goti. Alisimama wima, mikono kando, kama mtu anayepigwa picha. Jirani mmoja akapita nje ya ua na mzigo wa majani kichwani, yule yule aliyecheka viatu vyangu. Akamwita Ndeshi, akamuuliza mgeni wao anaondoka lini.

Nikaacha kupima. Kamba ilikuwa begani kwake.

"Hatuna mgeni," akasema Ndeshi, na akaniinulia mkono wa pili nimpime.